Rufaa Juu ya Kiwango cha Fidia: Jaji Hupima Nini?

Kila mara inapotangazwa kwamba Mahakama Kuu imepunguza fidia ya mtu aliyevunjika mguu katika ajali ya matatu, mjadala hugawanyika pande mbili. Wapo wanaosema jaji amenunuliwa na kampuni ya bima, na wapo wanaosema hakimu aligawa pesa zisizo zake. Siku ikitangazwa kwamba fidia imeongezwa, pande hizo hubadilishana maneno. Katikati yao yuko majeruhi mwenyewe, nakala ya hukumu mkononi, siku 30 za kukata rufaa zikihesabika, na washauri wake hawakubaliani hata juu ya swali lenyewe. Je, mahakama ya rufaa inaweza kulitazama jeraha lake upya na kuliwekea bei nyingine?

Kwa kawaida haiwezi. Hilo ndilo jambo ambalo mjadala wa mitaani haulifikii, na ndilo linaloeleza kwa nini rufaa nyingi za kiwango hushindwa, kwa nini chache hufanikiwa, na kwa nini hata zinazoshindwa zina malalamiko ya haki ndani yake. Uchambuzi huu unaitazama Kenya, ambako kesi za ajali za barabarani zimejaa katika mahakama za mahakimu, na unagusa Tanzania na Uingereza pale sheria zinapokutana.

Hukumu inavyojengwa

Kabla ya kuuliza kama kiasi ni kidogo au kikubwa, inafaa kuivunja hukumu vipande vipande. Tuchukue mfano wa abiria wa bodaboda aliyegongwa na matatu, akavunjika mifupa yote miwili ya muundi wa kulia, akafanyiwa upasuaji na kuwekewa chuma. Hakimu anampa Sh600,000 kwa maumivu, mateso na kupungukiwa na raha ya maisha. Anampa Sh120,000 kwa upasuaji ujao wa kutoa chuma, na Sh48,550 kwa gharama alizokwisha kulipa hospitalini na kwenye duka la dawa. Jumla ni Sh768,550. Kisha hakimu anasema abiria naye alichangia kuumia kwake kwa asilimia 30, kwa sababu walibebana watatu kwenye pikipiki moja na hakuvaa kofia ya usalama. Anachobaki nacho ni Sh537,985.

Mtu wa kawaida huona hapo tarakimu moja. Mwanasheria huona nne, na kila moja ina sheria yake. Gharama zilizokwisha kulipwa huitwa fidia mahsusi: lazima zitajwe katika hati ya madai na zithibitishwe kwa risiti, shilingi kwa shilingi. Aliyelipa Sh80,000 lakini akaleta risiti za Sh48,550 atapata hizo Sh48,550, na jaji wa rufaa hatamwongezea chochote kwa huruma. Matibabu ya baadaye yamo katikati. Mahakama ya Rufaa ilisema mwaka 2004, katika kesi iliyohusu Kenya Bus Services, kwamba nayo lazima yadaiwe katika hati ya madai, ili mdaiwa ajue mapema anajibu kitu gani. Wakili aliyesahau kuyataja amempotezea mteja wake mlango ambao rufaa ni vigumu kuufungua.

Sehemu ya maumivu na mateso ndiyo fidia ya jumla, na hiyo haina risiti. Hakuna duka linalouza muundi mzima. Sheria inamwachia hakimu akadirie akiongozwa na ripoti za madaktari, ushahidi wa majeruhi na kesi zilizoamuliwa za majeraha yanayofanana. Makadirio hayo ndiyo yanayozua rufaa nyingi, na ndiyo ambayo mahakama ya rufaa inasita zaidi kuyagusa.

Kizingiti

Msimamo huu ni wa zamani kuliko uhuru wa nchi zetu. Baraza la Mabwana la Uingereza liliueleza mwaka 1942 katika kesi ya Powell Duffryn. Mwaka 1961 Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki iliufuata katika kesi iliyotoka Tanganyika. Mahakama ya Rufaa ya Kenya iliupa maneno yanayorudiwa hadi leo katika kesi ya Kemfro, miaka ya 1980, na Mahakama ya Rufani ya Tanzania ikausimamia mwaka 1990 katika kesi ya Cooper Motor Corporation. Kwa muhtasari, mahakama ya juu haibadilishi kiasi kwa sababu tu yenyewe ingetoa kiasi kingine. Itaingilia endapo aliyeamua mwanzo alizingatia jambo lisilohusika, au aliacha lililohusika, au alifuata kanuni isiyo sahihi, au aliuelewa vibaya ushahidi. Itaingilia pia kama kiasi chenyewe ni kikubwa au kidogo kupindukia, hadi kionekane wazi kuwa ni makadirio yaliyopotoka kabisa.

Kizingiti hiki kina sababu za maana. Hakimu alimwona majeruhi akipanda kizimbani kwa magongo. Jaji wa rufaa ana karatasi tu. Tena hakuna tarakimu moja iliyo sahihi kwa maumivu ya mguu. Mahakimu watatu waadilifu wanaweza kutoa Sh500,000, Sh600,000 na Sh700,000, na wote wakawa hawajakosea. Kama kila tofauti ya aina hiyo ingekuwa sababu ya rufaa, hakuna kesi ya ajali ambayo ingefika mwisho, na mwenye pesa za kungoja ndiye ambaye angeshinda kila mara.

Hata hivyo kuna jambo linalowachanganya hata watu waliosoma. Mahakama Kuu, inaposikiliza rufaa ya kwanza kutoka kwa hakimu, ina wajibu wa kuupima upya ushahidi wote na kufikia uamuzi wake yenyewe. Hilo limekuwa sheria ya Afrika Mashariki tangu uamuzi maarufu wa 1968. Kwa hiyo jaji yuleyule, katika rufaa ileile, ana uhuru mpana kuhusu nani alisababisha ajali na kwa namna gani, lakini amefungwa mikono kuhusu kiasi. Rufaa inayochanganya mambo hayo mawili hupoteza nguvu. Na rufaa ikipanda kutoka Mahakama Kuu kwenda Mahakama ya Rufaa kama rufaa ya pili, mlango hubana zaidi: hoja za sheria peke yake.

Kosa ni lipi, na tofauti ya maoni ni ipi

Turudi kwa abiria wetu. Akikata rufaa akisema "Sh600,000 hazitoshi", amebeba hoja dhaifu kuliko zote alizo nazo. Atazame badala yake asilimia 30. Kubebana watatu kunaweza kuwa kulichangia ajali. Lakini kofia haikingi muundi. Hakimu aliyempunguzia mtu fidia ya mguu kwa sababu ya kofia amezingatia jambo lisilohusika na jeraha lililodaiwa, na hilo ni kosa ambalo jaji anaweza kulishika kwa mkono. Mchango ukishuka hadi asilimia 15, majeruhi anapata zaidi ya Sh115,000 za ziada bila mtu yeyote kuigusa tarakimu ya maumivu. Kuna onyo hapa. Katika kesi nyingi za ajali mawakili hukubaliana mapema kuhusu wajibu, kwa mfano 80 kwa 20, kisha wanabishana kuhusu kiasi tu. Makubaliano hayo yakishaandikwa na mahakama, kuyavunja kwenye rufaa ni kazi ngumu sana. Majeruhi anayeambiwa "tumeandika makubaliano" anapaswa kujua kwamba hapo amekata sehemu ya fidia yake kwa kudumu.

Kipato kinaonyesha mpaka huu vizuri zaidi. Tuseme majeruhi huyo ni mshona viatu wa miaka 35, anapata Sh18,000 kwa mwezi, na daktari amesema amepoteza uwezo wa kufanya kazi kwa asilimia 20. Hakimu anakadiria miaka 15 ya kazi: 18,000 mara 12, mara 15, mara asilimia 20, ni Sh648,000. Wakili anataka miaka 20, ambayo ni Sh864,000. Tofauti ni Sh216,000, pesa nyingi kwa mshona viatu, lakini miaka 15 si upotofu. Ni makadirio ya mtu aliyezingatia kwamba maisha yana hatari nyingine na kwamba pesa zinalipwa zote kwa mkupuo. Jaji hataigusa. Kama hakimu angesahau kuzidisha kwa asilimia 20 na kutoa Sh3,240,000, kampuni ya bima ingeshinda rufaa asubuhi moja. Na kama angekataa dai lote kwa sababu mshona viatu hana hati ya mshahara, majeruhi ndiye angekuwa na nguvu, maana Mahakama ya Rufaa ilikwisha kusema mwaka 2005 kwamba kudai karatasi kama ushahidi pekee wa kipato kungewadhulumu Wakenya wengi wasioweka kumbukumbu na bado wanajipatia riziki kwa kazi zao.

Vipo pia vita vya madaktari. Daktari wa majeruhi anaandika asilimia 20 ya ulemavu wa kudumu. Daktari aliyeteuliwa na bima anaandika asilimia 5. Mara nyingi ripoti zote mbili huingizwa kwa makubaliano, hakuna daktari anayepanda kizimbani, na hakimu anaachwa na karatasi mbili zinazopingana. Akichukua asilimia 12 bila kueleza kwa nini, amegawa tofauti katikati, hajaamua. Kwa maoni yangu hapa ndipo udhaifu mkubwa wa hukumu nyingi za fidia ulipo. Kizingiti cha rufaa kinamheshimu hakimu kwa kudhani alifikiri. Hukumu isiyoonyesha kufikiri haistahili heshima hiyo, na majaji wanapaswa kulisema hilo wazi kuliko wanavyolisema sasa.

Hoja ya majeruhi: kipimo kimechakaa

Mawakili wa majeruhi wanakubali kizingiti, lakini wanauliza: ni kikubwa au kidogo kupindukia kwa kulinganisha na nini? Kanuni ni kwamba majeraha yanayofanana yapate fidia zinazokaribiana, kadiri iwezekanavyo. Kila upande huja na kesi zake. Wa majeruhi huleta zile zilizotoa nyingi, wa bima huleta zile zilizotoa kidogo, na si ajabu jaji akatumia nyingine alizozitafuta mwenyewe. Kesi aliyoitegemea hakimu inaweza kuwa ya miaka kumi iliyopita, nayo iliitegemea nyingine ya miaka minane kabla yake.

Hapo ndipo mfumuko wa bei unapofanya kazi kimyakimya. Bei zikipanda kwa asilimia 6 kwa mwaka, zinakuwa maradufu kila baada ya miaka 12 hivi. Fidia ya Sh300,000 iliyokuwa ya haki wakati ule ingehitaji kuwa Sh600,000 ili imnunulie majeruhi wa leo vitu vilevile. Mahakama hazikatai hilo. Karibu kila hukumu ina sentensi inayosema mfumuko wa bei umezingatiwa. Shida ni kwamba sentensi hiyo haina hesabu. Haisemi kesi ya zamani ilitoa kiasi gani kwa thamani ya leo, wala bei zimepanda kiasi gani tangu wakati huo. Matokeo yake, hakimu aliyesasisha kiasi kwa uaminifu anaweza kuonekana amepindukia mbele ya jaji anayetazama kesi za zamani kwa tarakimu zake tupu.

Uingereza iliwahi kulikabili jambo hili hadharani. Baada ya tume yake ya sheria kupendekeza mwaka 1999 kwamba fidia za maumivu na mateso, zilizokuwa chini mno, ziongezwe, Mahakama ya Rufaa iliketi mwaka 2000 na majaji watano, ikasikiliza kundi la rufaa pamoja, na kuamua viwango vipande kwa ngazi. Majeraha mabaya kabisa yaliongezewa hadi theluthi moja, na fidia zilizokuwa chini ya pauni 10,000 hazikuguswa. Mtu anaweza kulaumu kwamba nyongeza hiyo ilikuwa ndogo kuliko ilivyopendekezwa, na wengi walilaumu. Lakini kila hakimu na kila wakili alijua kipimo kipya ni kipi na kimeanza lini.

Udhaifu wa hoja ya majeruhi ni kwamba, ikisukumwa mbali, inaugeuza kila uamuzi kuwa mnada. Wakili anayedai Sh2 milioni kwa mfupa mmoja uliounga vizuri, akitegemea kesi ya mtu aliyekatwa mguu, anamdhuru mteja wake na anawapa bima sababu ya kukata rufaa.

Hoja ya bima: nani analipa

Upande wa pili nao una historia. Katika miaka ya 1980 Mahakama ya Rufaa ya Kenya ilionya kwamba fidia lazima zibaki ndani ya mipaka ya kesi zilizotangulia na ya kile ambacho uchumi wa nchi unaweza kukibeba, kwa sababu fidia kubwa hatimaye hulipwa na umma kupitia ada za bima. Wamiliki wa matatu wakitozwa zaidi, abiria ndiye anayelipa nauli. Kampuni zinazotoa bima za magari ya abiria zimeanguka mara kwa mara: United Insurance iliwekwa chini ya msimamizi mwaka 2005, Standard Assurance mwaka 2009, Blue Shield mwaka 2011. Kampuni ikianguka, hukumu ya majeruhi huwa karatasi. Majeruhi wa kesho naye ana maslahi katika kampuni inayoendelea kusimama.

Hoja hii ni ya kweli kuliko wanavyokubali mawakili wa majeruhi. Lakini inachanganya sababu. Kampuni hizo hazikuangushwa na mahakimu peke yao. Zilishindana kwa kushusha ada hadi chini ya hatari ambazo zilikuwa zikizibeba, zikalipa madai ya uongo ya watu ambao hawakuwamo hata ndani ya gari, na nyingine ziliendeshwa vibaya. Kumpunguzia fidia mtu ambaye kweli alivunjika hakuwazuii wanaodanganya. Tena kuna swali la haki ambalo hoja ya uchumi hailijibu: kama nauli ya matatu haibebi gharama halisi ya watu wanaoumizwa na matatu, basi gharama hiyo inabebwa na aliyelala kitandani na jamaa zake wanaouza ng'ombe kumtibu. Haikupotea kwa kutoandikwa katika hukumu.

Hoja ya jedwali

Wengine wamechoka na pande zote mbili na wanataka Bunge liweke jedwali: kidole kiasi hiki, mguu kiasi hiki. Kenya ilijaribu. Marekebisho ya mwaka 2013 ya sheria ya bima ya magari, Sura ya 405, yaliweka jedwali la fidia kwa asilimia chini ya kikomo cha Sh3 milioni. Chama cha Wanasheria cha Kenya kikaenda mahakamani, na mwaka 2016 Mahakama Kuu ikayabatilisha, ikiona kwamba yanainyang'anya mahakama kazi yake na kumnyima majeruhi haki ya kusikilizwa kwa hali yake mwenyewe. Uingereza imefika huko kwa njia nyembamba zaidi: tangu tarehe 31 Mei 2021, majeraha madogo ya shingo ya watu waliokuwa ndani ya magari yana bei zilizopangwa na kanuni.

Uzuri wa jedwali uko wazi. Majeruhi anajua mapema atapata nini, rufaa za kiwango karibu zinakwisha, na pesa zinatoka haraka. Wafanyakazi walioumia kazini tayari wanaishi na mfumo wa aina hiyo. Sheria ya mwaka 2007 ya fidia kwa wafanyakazi inahesabu ulemavu kamili wa kudumu kuwa mshahara wa miezi 96, na ulemavu wa asilimia 20 huwa asilimia 20 ya hapo. Kwa mshahara wa Sh20,000 hiyo ni Sh384,000, bila kuthibitisha uzembe wa mtu yeyote. Tanzania nayo ina Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi ulioanza kazi mwaka 2015.

Ubaya wake ni kwamba jedwali halimwoni mtu. Kidole gumba cha fundi cherehani si sawa na kidole gumba cha mlinzi wa usiku. Na jedwali lililowekwa na Bunge huganda: kikomo cha Sh3 milioni ambacho bima inawajibika kumlipa mtu mmoja bado kiko kilekile, huku bei za vitanda vya hospitali zikipanda kila mwaka. Jedwali linahamisha ugomvi tu, kutoka kwenye tarakimu hadi kwenye asilimia ya daktari, na huko hakuna jaji.

Bei ya kukata rufaa

Hata mwenye hoja nzuri lazima apige hesabu nyingine. Bima ikikata rufaa, huomba utekelezaji wa hukumu usimamishwe. Mahakama hutaka ionyeshwe hasara kubwa itakayotokea, maombi yasicheleweshwe, na dhamana iwekwe. Agizo linalotolewa mara nyingi ni nusu ya fidia kulipwa majeruhi na nusu kuwekwa katika akaunti ya pamoja ya mawakili. Majeruhi akikata rufaa mwenyewe, upande wa pili unaweza kuleta rufaa yake kinzani kutaka kiasi kipunguzwe, na aliyekwenda kuomba zaidi akarudi na pungufu. Anayeshindwa kwa kawaida hubeba gharama. Riba ya mahakama humpunguzia anayengoja uchungu, lakini haimlipii ada ya shule ya mtoto mwaka huu.

Kikomo cha Sh3 milioni nacho hubadilisha hesabu. Mtu aliyepewa Sh2.8 milioni anayekata rufaa ili apate Sh5 milioni anapaswa kujiuliza nani atalipa zile Sh2 milioni zinazozidi. Bima haitazilipa. Zitadaiwa kwa mwenye gari, na kama mwenye gari ana pikipiki moja ya mkopo, dalali wa mahakama hatapata cha kuuza. Ushindi huo ni wa kwenye karatasi.

Kuna tena Mahakama ya Madai Madogo, inayosikiliza madai yasiyozidi Sh1 milioni, yakiwemo ya majeraha, na inayotakiwa kumaliza kesi ndani ya siku 60. Wengi wamekimbilia huko kwa ajili ya haraka. Lakini rufaa kutoka huko inaruhusiwa kwa hoja za sheria tu, na uamuzi wa Mahakama Kuu ni wa mwisho. Je, kiwango cha fidia ni hoja ya sheria? Kama hakimu alifuata kanuni isiyo sahihi, ndiyo. Kama alikadiria chini kidogo, ni vigumu kusema ndiyo bila kukivunja kifungu chenyewe. Anayechagua mahakama hiyo amekwisha kununua kasi kwa kulipa sehemu kubwa ya haki yake ya rufaa, na inafaa aambiwe siku ya kwanza.

Mizani

Nikizipima hoja hizi, sioni sababu ya kukiondoa kizingiti cha Kemfro. Kukiondoa kungewanufaisha zaidi wenye uwezo wa kungoja, nao si majeruhi. Sioni pia kwamba jedwali la Bunge ni dawa, tumeona linavyoganda. Kasoro kubwa iko katika kipimo kinachotumika ndani ya kizingiti hicho. Mahakama inasema haitaingilia isipokuwa kiasi kimepindukia, kisha haisemi kiasi cha kawaida ni kipi kwa thamani ya pesa za leo.

Dawa iliyo karibu haihitaji sheria mpya. Idara ya Mahakama ingeweza kuchapisha mwongozo wa viwango kwa aina za majeraha, wenye kiwango cha chini na cha juu, ukisasishwa kila mwaka kwa takwimu za bei za Shirika la Kitaifa la Takwimu. Usiwe amri, uwe pa kuanzia, kama ule ambao mahakama za Uingereza zimekuwa nao tangu 1992. Hakimu angebaki huru kutoka nje ya viwango hivyo, mradi aandike sababu. Jaji wa rufaa angejua anapima nini. Bima ingeweza kupanga ada zake kwa kujua madai yanaelekea wapi. Majeruhi angeweza kusoma mwenyewe, bila kumlipa mtu, kama Sh600,000 kwa muundi uliowekewa chuma ni za kukubali au za kupinga.

Kwa aliye ndani ya siku zake 30 sasa hivi, kazi ni ndogo na ngumu. Achukue hukumu na hati ya madai, aziweke pamoja, na atafute kosa kabla ya kutafuta kiasi: kitu kilichodaiwa na kuthibitishwa lakini kikasahauliwa, punguzo lisilohusiana na jeraha, ripoti ya daktari iliyokataliwa bila sababu, kuzidisha kulikokosewa, kesi ya kulinganisha ambayo jeraha lake ni jingine kabisa. Akipata moja, ana rufaa. Asipopata, na anachoona ni kwamba pesa ni chache tu, ajue kwamba sheria inamtaka aonyeshe uchache wa kushtua, na aone kama anazo kesi za karibuni za kuuonyesha.

Lipo jambo moja ambalo rufaa ya aina yoyote haiwezi kulitibu. Fidia hutolewa mara moja kwa maisha yote, na mlango wa kuleta ushahidi mpya kwenye rufaa ni mwembamba. Mvunjiko wa mfupa uliofika kwenye goti unaweza kuonekana umepona siku ya hukumu, kisha goti likaanza kuharibika miaka kumi baadaye, kesi ikiwa imefungwa zamani. Uingereza tangu miaka ya 1980 inaruhusu fidia ya muda, ambapo majeruhi hurudi mahakamani hatari iliyotajwa ikitokea kweli, na tangu 2005 majaji wake wanaweza kuamuru malipo ya kila mwaka badala ya mkupuo mmoja. Hapa kwetu majeruhi wa namna hiyo analazimika kubahatisha uzee wake mbele ya hakimu. Hilo mahakama za rufaa haziwezi kulirekebisha hata zikitaka; ni kazi ya Bunge.